Fishi Niliyoitoboa Mwenyewe

Mi ni fundi wa kompyuta hapa Musaga, Bujumbura, na swali la kwanza watu wanaloniuliza wakiingia ni fundi yuko wapi. Nimekaa mbele yao, bisibisi mkononi, vumbi hadi kwenye nyusi, na bado wanachungulia nyuma yangu wakidhani kuna mwanaume kajificha chini ya meza. Zamani nilikuwa nakasirika. Siku hizi nawaambia fundi katoka, rudini kesho. Kesho wakirudi wananikuta mimi tena.

Naitwa Médiatrice, Mama Gaël kwa majirani. Nilisomea ukarani, nikapiga chapa barua za watu miaka minne katika ofisi moja kule Kigobe, mpaka siku mashine yangu ilipokufa nikamngoja fundi wiki tatu nzima. Wiki ya nne nikaifungua mwenyewe. Lilikuwa vumbi tu, na waya mmoja uliochomoka. Ilipowaka nilijiona mtu mkubwa sana, na ukarani ukanitoka palepale. Nikamtafuta Gélase, fundi wa mtaani kwetu, nikamwambia anifundishe. Alicheka kwanza, kisha akanifundisha. Leo kila mtu ana kibanda chake, ukuta wa mbao katikati, tunaazimana vifaa asubuhi na kugombana mchana.

Gélase ndiye aliyenifundisha sindano. Hapa kwetu kompyuta mpya tunaziona kwenye picha. Zinazotufikia ni caguwa, zimetumika Ulaya mpaka wenyewe wamezichoka, na nyingi zinafika vipande vipande: boksi bila kitu ndani, au ile carte mère, kadi kubwa inayobeba kila kitu, bila boksi lake. Kazi yetu ni kuwaozesha wasiojuana. Sasa kwenye boksi kuna waya unaotoka kwenye matundu ya mbele, yale ya kuchomekea ekuteri za masikioni, na mwisho wake una fishi, plagi ndogo nyeusi yenye matundu kumi, safu mbili, tano tano. Tundu moja limezibwa makusudi. Kwenye kadi nako pini moja haipo, ili fishi ikae pake tu na isikubali pengine popote. Ila kadi nyingine za maofisini zina mpangilio wao, na fishi inagoma. Basi tunaweka sindano kwenye moto mpaka iwe nyekundu, tunatoboa lile tundu, na fishi inaingia. Mafundi wote wa huku tunafanya hivyo. Mi nimetoboa nyingi kuliko nilizohesabu, na nilikuwa najisifu.

Jumanne moja, saa nne na dakika ishirini asubuhi, Fabiola akaingia amekumbatia kompyuta yake kwa mikono miwili, jasho linamtiririka. Fabiola ni Mkongomani, alifundisha Kifaransa Uvira kabla ya kuvuka mpaka na watoto watatu. Mkubwa wao ni Destin. Wiki iliyotangulia nilikuwa nimemhamishia mashine yake kwenye boksi jingine, maana la kwanza lilianguka likapasuka, na matundu ya sauti ya nyuma yakavunjika nalo.

"Mama Gaël," akasema, "ile tundu ya mbele haisemi. Nimeweka ekuteri, kimya. Na saa tano niko na test."

Ile test alikuwa amenieleza mara kumi. Kampuni moja ya mbali ilikuwa inatafuta wakalimani, watu wa kukaa nyumbani na kutafsiri kwa njia ya intaneti kati ya madaktari wa huko na wagonjwa wanaosema Kiswahili. Jaribio ni mara moja. Lazima liwe kwenye kompyuta, na ekuteri ya waya yenye maiki. Simu hawakubali, na ukichelewa wanafuta jina. Watu mia walikuwa wameomba, wakabaki kumi na wawili, na Fabiola alikuwa mmoja wao. Tangu afike Bujumbura alikuwa anauza ndagala, dagaa wakavu, kwenye beseni.

"Haisemi kwa sababu sikuichomeka," nikamwambia. Nilisema ukweli huo kwa urahisi kwa sababu ulikuwa mdogo. Wiki ile nilikuwa na haraka, nikauacha waya wa sauti unaning'inia ndani.

"Hukuichomeka?"

"Dakika tano, Mama Destin. Kaa. Test utafanyia hapahapa, intaneti tutavuta kwenye simu yangu."

Akakaa, lakini kwenye ncha ya kiti. Nilifungua ubavu wa boksi, nikaupata waya, nikaufuata hadi chini ya kadi, kwenye kona. Pale zipo pini za sauti, na jirani yake, upana wa kidole, zipo pini za USB. Zote safu mbili, zote tisa. Maandishi yake ni madogo kuliko mayai ya chawa. Simu niliyokuwa namulikia nayo ndiyo hiyo niliyokuwa naifungulia intaneti, na Fabiola yuko mgongoni anauliza kama imeshaingia. Nilipapasa, nikasukuma, fishi ikaingia. Nikajiambia, imeingia, basi ndipo pake. Miaka yote hiyo ndiyo ilikuwa imani yangu: kitu kikikubali kuingia, kiko mahali pake.

Nikabonyeza. Feni ikazunguka nusu, ikasimama. Taa ikazima. Nikabonyeza tena, hakuna kitu.

Niliinama nikapeleka tochi ya simu mpaka karibu kabisa, nikaona fishi ya sauti imekaa kwenye pini za USB, imetulia, haina wasiwasi. Na hapo ndipo nilipolikumbuka lile boksi. Mwaka jana nililitumia kwa mashine ya ofisi iliyokuwa na pini za kipekee, na fishi hiyo niliitoboa kwa mkono wangu. Kitu pekee ambacho kingenizuia leo nilikuwa nimekitoboa mwenyewe. Kwa kukosea hivyo nilikuwa nimepeleka umeme wa USB moja kwa moja kwenye mwili wa boksi.

Gélase alikuwa amesikia feni ikikatika. Akachomoza kichwa mlangoni, akaangalia mashine, akaniangalia mimi, akasema kwa Kirundi, kwa kuwa anajua Fabiola anakisikia kidogo tu: mwambie ni umeme, ulikuja na nguvu ukaichoma. Kisha akarudi zake. Alisema kwa wema kabisa. Nani Bujumbura angebisha? Umeme wetu umeua friji, umeua televisheni, umebeba dhambi zake na za mafundi pia. Sentensi ilikuwa tayari mdomoni mwangu.

Fabiola alikuwa amesimama. "Imekufa?"

Hakungoja jibu, akaanza kukusanya ekuteri yake. "Ngoja niende mujini. Niko na dada mumoja ana cyber. Nitaomba mashine."

Ilikuwa saa nne na dakika thelathini na saba. Mafuta hayakuwepo wiki hiyo, mabasi yalikuwa yamelala kwenye foleni za vituo, na kwa miguu kutoka kwetu hadi mjini ni saa nzima kama huna mzigo moyoni. Angefika jina limeshafutwa. Na mimi ningekuwa salama kibandani kwangu, na umeme ndio ungelaumiwa.

"Mama Destin, usiende," nikasema. "Si umeme."

"Nani amesema umeme?"

"Nilikuwa nataka kukuambia hivyo. Si umeme, ni mimi. Nimeweka fishi mahali pasipo pake. Na imekubali kuingia kwa sababu mwaka jana niliitoboa na sindano."

Alinitazama. Sijawahi kutazamwa vile na mteja, na wateja wangu wananitazama vibaya kila siku. Niliona aibu mpaka masikio yakawaka.

"We umeua mashine yangu," akasema polepole, "halafu unaniambia nibaki."

"Sidhani imekufa. Hizi mashine zikiona umeme umepotea njia zinajizima zenyewe. Nipe dakika kumi. Mujini huwezi fika."

Alifunga macho. Nilimsikia akipumua. Nilijua anapima abaki au aende, huku akijua kwamba mizani yenyewe mimi ndiye niliyeivunja. Halafu akavuta kiti, akakiweka karibu kabisa na boksi.

"Sawa. Lakini apana gusa kitu mpaka unionyeshe. Mi ni mwalimu. Nionyeshe."

Nikamwonyesha. Kwanza nilichomoa waya wa ukutani na ile fishi, tukangoja umeme uliobaki ndani uishe. Kungoja kule kulinitesa kuliko kazi yote. Kisha nikampa tochi. Nikamwambia, hizi za USB pengo lake liko pembeni, kwenye kona. Zile za sauti pengo lake ni la pili kutoka mwisho. Aliinama, miwani kwenye ncha ya pua, akahesabu kwa sauti ya darasani: un, deux, trois, pengo, cinq. Akahesabu tena kutoka upande wa pili. Nikamwonyesha fishi na lile tundu lenye kingo zilizoyeyuka, linalotakiwa kukaa juu ya pengo. Akaligusa kwa ukucha.

"Hapa ndipo ulitoboa?"

"Ndiyo."

"Weka."

Nikaweka. Yeye ndiye aliyebonyeza. Feni ikazunguka, ikasita, ikaendelea. Taa ikawaka na ikabaki. Saa nne na dakika hamsini. Ile mashine kuamka ni kazi, inawaka kama mzee anayetafuta viatu, na sisi tulikikodolea kioo macho.

Saa nne na dakika hamsini na tano akavaa ekuteri. "Nasikia," akasema. Akasema maneno fulani kwenye maiki, nami nikaangalia alama ya sauti kwenye kioo. Ikapanda, ikafa. Ikapanda, ikafa. Nikapeleka mkono ndani, nikaibonyeza fishi. Ikapanda, ikabaki. Nikaachia, ikafa.

Nikaelewa upesi sana. Sindano ilipoyeyusha plastiki iliacha kinundu, na kinundu kile kinaizuia fishi kukaa chini vizuri. Kukisugua kungechukua robo saa, na kungetaka mashine izimwe. Tulikuwa na dakika nne.

"Nitaishika," nikamwambia.

"Test ni dakika arobaini."

"Nitaishika."

Nikaketi sakafuni, mkono wa kulia ndani ya boksi, kidole cha shahada juu ya fishi. Saa tano kamili mtu wa kampuni akaita kwenye mashine. Nilisikia Fabiola akisema, "Oui, madame, je vous entends très bien," kwamba anamsikia vizuri sana, kwa sauti niliyokuwa siijui, sauti ya mtu ambaye hajawahi kubeba beseni. Kisha ikaanza. Sikusikia waliyomwambia, nilisikia yake tu. Alisema kwa Kifaransa kwamba mgonjwa ana maumivu chini ya mbavu tangu Jumapili. Alisema kwa Kiswahili kwamba daktari anataka kujua kama kuna damu. Alisema kwa Kifaransa kwamba anaogopa, kwamba mama yake alikufa hivyohivyo. Hakutetereka mahali popote.

Mimi nilitetereka. Dakika ya kumi na tano kidole kikaanza kufa ganzi. Dakika ya ishirini nikabadili kwa kidole gumba, na katika kubadili nikaona bega lake likikakamaa. Alirudia sentensi, akaendelea. Sikubadili tena. Mteja alikuja mlangoni akauliza fundi yuko wapi, nikamkazia macho mpaka akarudi nyuma. Feni ilikuwa inanipulizia vumbi puani na nilibana chafya mpaka machozi yakatoka. Gélase akachomoza kichwa, akaniona pale chini, akafungua mdomo, nikamnyooshea kidole cha mkono wa kushoto. Akaufunga.

Saa tano na dakika arobaini na mbili Fabiola akasema merci, madame, akavua ekuteri, akaziweka mezani taratibu. Mkono wangu nilipoutoa ulikuwa haukunjiki. Hakuniuliza unauma wapi, nami sikumtegemea aniulize. Alikaa akalia kidogo, akajifuta na kitenge, akanisaidia kuinuka.

Baada ya siku kumi na moja walimwandikia. Walimchukua. Nilizipata habari kwa Destin, nikafurahi nikanywa Fanta mbili peke yangu.

Mwezi uliofuata alipita mbele ya kibanda changu amekumbatia ile mashine. Nilisimama kumpokea, nikasogeza vitu mezani. Hakuingia. Alinisalimu vizuri, akauliza hali ya watoto, kisha akasema, "Mama Gaël, mi nakuamini maneno yako yote. Lakini sasa hii ndiyo inalisha watoto wangu. Naipeleka kwa Gélase."

Nilimwambia nimeelewa, na kweli nilikuwa nimeelewa. Akasogea hatua nane hadi mlango wa pili. Kupitia mbao nilimsikia Gélase akimkaribisha, akimwuliza shida ni nini, na yeye akimjibu kwamba kabla hajagusa chochote amwonyeshe kwanza.