Hasira za Nunziata Laezza

Nunziata Laezza alipokuwa na miaka arobaini na moja, mumewe alimnyang'anya kazi mbele ya kundi zima, huku akitafuna mbegu za maboga.

Ilikuwa asubuhi ya mazoezi katika ukumbi wao wa chini ya ardhi, karibu na stesheni ya Napoli, miaka michache kabla ya Vita vya Kwanza vya Dunia. Pasquale Ruoppolo ndiye aliyekuwa mkuu wa kundi. Michezo aliitia sahihi yeye, sifa alizichukua yeye. Lakini watu wa mtaa wa Sanità na wa bandarini hawakuzishuka zile ngazi zenye unyevu kwa ajili ya Pasquale. Walimfuata Nunziata, binti wa mshona glavu, aliyeanza jukwaani akiwa msichana, akaigiza wachumba, wajane na wanawake walioachwa, mpaka wanaume wazima wakajifuta machozi kwa mikono ya makoti.

"Rosa wa mchezo mpya ataigizwa na Iolanda," Pasquale alisema. "Wewe, Nunzia, utakuwa mama mkwe."

"Mama mkwe wa nani?"

"Wa Rosa. Anaingia mara mbili. Ana maneno mazuri."

Iolanda, msichana mwenye shingo ndefu aliyejiunga nao mwaka uliopita, alijifanya anatafuta kitu mkobani.

"Nusu ya maneno ya Rosa nimeyatunga mimi," Nunziata alisema, "jikoni, nikikukaangia dagaa. Leo unaniambia niingie na kutoka kama paka?"

"Jitazame kwenye kioo, mke wangu. Mimi sina ubaya na wewe. Mwenye ubaya ni kioo."

Kundi zima likacheka. Kwamba Pasquale anatembea na Iolanda Nunziata alikuwa ameshajua, na alidhani jambo lile litapita kama yalivyopita mengine. Ila kile kicheko hakukisamehe. Hao waliocheka alikuwa amewalisha walipokosa, amewauguza walipougua, amewashonea nguo za jukwaani kwa mikono yake. Aliigiza huyo mama mkwe wa Rosa kwa juma zima, na kila jioni alisimama nyuma ya pazia akisikia maneno yake yakitoka katika kinywa cha mtu mwingine, tena yakisemwa vibaya.

Juu kilimani, Vomero, kampuni moja ya filamu ilikuwa imejenga jumba la vioo ili kulinasa jua. Waigizaji wa jukwaani waliidharau kazi hiyo. Picha bubu, walisema, zinazooneshwa katika mahema pamoja na mwanamke mwenye ndevu. Pasquale ndiye aliyekuwa mstari wa mbele katika dharau hiyo, mpaka siku mwongozaji wa filamu, bwana mmoja mnene aitwaye Imparato, aliposhuka ukumbini kumtafuta msichana mzuri. Siku hiyo Pasquale alimletea kahawa mwenyewe.

Imparato alipatana na Iolanda upesi. Kisha akamgeukia Nunziata, akamshika kidevu na kuugeuza uso wake kwenye mwanga, kama mtu anayechagua nyumbu.

"Na huyu nampenda. Uso huu una njaa ndani yake. Atakuwa mama."

"Toa mkono," Nunziata alisema.

"Na sauti pia anayo, masikini. Bahati mbaya sauti hatuna haja nayo."

Nunziata alikubali. Watu walidhani ni fedha. Ukweli ni kwamba angekubali hata kubeba mawe, ilimradi asisimame tena nyuma ya pazia lile.

Hadithi ya picha yenyewe ilikuwa nyepesi. Msichana wa kichochoroni anapata bwana mwenye gari la farasi, na mama yake anapomfuata mlangoni kwa bwana huyo, msichana anamkana: mwanamke huyu simjui. Hapo mama alitakiwa kupiga magoti, kujivuta nywele na kulia mbele ya kamera.

Ulikuwa mwezi wa Julai. Chini ya vile vioo poda iliyeyuka ikatiririka mpaka shingoni. Mpiga picha akaanza kuzungusha mkono wa kamera, Imparato akapaza sauti, na Iolanda akanyoosha kidole. Kwa kuwa hakuna mashine iliyokuwa inasikia, kila mwigizaji alisema alichotaka ili midomo tu ionekane ikienda.

"Pasquale anasema unakoroma," Iolanda alisema, uso wake umejaa huzuni ya kuigiza. "Anasema kulala na wewe ni kama kulala na gunia la mkaa. Anasema alikuoa kwa sababu ya mashine ya kushonea ya baba yako."

"Magoti!" Imparato aliita. "Piga magoti, Nunzia! Lia!"

Nunziata hakupiga magoti. Jukwaani angejua la kufanya. Angepiga ukelele, angejigonga kifuani, watu wa viti vya nyuma wangesikia. Hapa hasira ilimpanda ikakosa pa kutokea isipokuwa machoni. Alimtazama yule msichana tu. Hakupepesa. Alimtazama mpaka Iolanda akasahau kuchezesha midomo na kidole chake kikaanza kushuka chenyewe.

Imparato alitukana kwa muda mrefu. Lakini wingu lilikuwa limefunika jua na mkanda ulikuwa ghali, basi akasema iachwe hivyohivyo.

Picha ilipooneshwa Sanità, mpiga piano alifika kwenye tukio lile, akageuka kutazama, akaacha kupiga. Kisha wanawake wakaanza kumrushia Iolanda maganda ya machungwa, pale kwenye kitambaa, kana kwamba yanaweza kumuumiza. Kesho yake muuza samaki alikataa kumuuzia Iolanda pweza. Nunziata naye alikumbatiwa sokoni na wanawake asiowajua, waliomlilia begani: "Pole, mama. Pole, mama yangu." Alirudi nyumbani amefura zaidi kuliko alivyotoka. Walikuwa wanamhurumia, na yeye hakumtaka mtu wa kumhurumia.

Pasquale alimkuta akitia vyombo kwenye kikapu.

"Unaona?" alisema, amejaa furaha. "Niliwaambia mimi kwamba wewe ni mama. Sasa sikiliza. Kila jioni, kati ya sehemu ya kwanza na ya pili, utasimama jukwaani na kuwatazama watu. Wewe watazame tu. Tutajaza ukumbi."

"Kikaango ni changu," Nunziata alisema. "Sufuria ni yangu. Mashine ya kushonea watakuja kuichukua shemeji zako."

Alihamia kwa dada yake na hakurudi.

Kazi za filamu zilimiminika. Aliigiza mama, kisha mama mwingine, kisha mlinzi wa gereza la wanawake, mkopeshaji fedha, mtawa muuza sumu. Watoto wa mtaani walimkimbia. Kwenye mabango jina lake halikuandikwa, na mara moja lilipoandikwa walikosea herufi. Kila mwongozaji alimwambia, "Kasirika, Nunzia," kama anayefungulia bomba.

"Na kahawa nikuchemshie?" ndivyo alivyozoea kuwajibu.

Baada ya vita aliomba, mara moja tu, picha ambayo ndani yake anapendwa na mtu. Imparato alicheka mpaka akakohoa. "Nani atakata tiketi kumwona mwanamke wa rika lako akibusiwa?" Nunziata alivaa kofia yake akaondoka, na kwa mwezi mzima kampuni ikamtumia watu wa kumbembeleza. Alirudi kwa sababu ya kodi ya nyumba, na hilo nalo lilimkera.

Halafu mwishoni mwa miaka ya ishirini wakubwa wa Roma wakaamua kwamba picha za vichochoro, ombaomba na nguo zilizoanikwa madirishani zinaitia nchi aibu. Afisa kijana aliyevaa shati jeusi la chama tawala alikuja Vomero kukagua. Alisimama mbele ya Nunziata, aliyekuwa amevaa matambara ya kuigizia.

"Nyuso za namna hii hatuzitaki tena."

"Uso huu umezaliwa hapa chini, mtaani," Nunziata alimjibu. "Wako umeokotwa wapi?"

Alishuka kilima chote na yale matambara mwilini, wala hakuyarudisha.

Aliyekuja kumgongea mlango majira ya baridi hayo alikuwa Iolanda. Pasquale alikuwa ametorokea Buenos Aires na mwimbaji, akamwachia ukumbi wenye madeni. Iolanda alikuwa amenenepa, na macho yake yalikuwa yamechoka.

"Nina ukumbi, sina mwigizaji," alisema bila kuketi. "Sikuja kuomba msamaha."

"Ungeuomba ningekufungia mlango."

"Unakuja?"

"Mchezo nauandika mimi. Jina langu mbele, na liandikwe sawasawa."

Mchezo wa kwanza ulihusu mwanamke wa miaka hamsini na tano anayetakwa na kinyozi aliyefiwa na mke. Watu walizishuka ngazi wakidhani watamwona yule mama wa filamu akitazama kimya. Nunziata aliingia akizungumza, kwa sauti ambayo filamu ziliificha miaka yote hiyo, na hakunyamaza mpaka pazia lilipofungwa.

Waliigiza pamoja miaka mingi, yeye na Iolanda. Hawakula meza moja hata siku moja. Iolanda alipochelewa kuingia, Nunziata alimpiga dongo palepale mbele ya watu, kwa maneno yasiyokuwamo katika mchezo, na Iolanda akamrudishia, na watu walidhani ndivyo ulivyoandikwa.