Mwezi wa Sita Uliorudiwa

Bimdogo, mwenyeji wa Unguja, alikuwa mzoefu wa Guangzhou, lakini hakuwahi kufika huko majira ya Mwaka Mpya wa Wachina. Safari hii alikwenda kushonesha nguo za harusi ya Nahla, bintiye wa pekee, iliyopangwa Jumapili ya mwisho ya Shaabani. Hakuuliza mtu. Alikumbuka kuwa mwaka jana sikukuu yao ilikuwa mwisho wa Januari. Nao hufuata mwezi kama sisi, basi mwaka huu itarudi nyuma. Akatua uwanja wa ndege wa Baiyun mwanzo wa Februari akiamini mafundi wamesharudi kazini.

Kumbe ndiyo kwanza walikuwa wanafungasha kwenda makwao kwa sikukuu. "Kesho, kesho," laobani, yaani mwenye karakana, alimwambia kila alipokwenda. Viza ikakaribia kwisha, akapeleka pasipoti uhamiaji aongezewe siku. Aliporudi karakanani akakuta mnyororo mlangoni. Akakimbilia uhamiaji: pasipoti haijawa tayari, arudi baada ya sikukuu.

Hana nguo, hana pa kutokea. Maduka yameteremsha milango, mtaa umenyamaza kama uliohamwa. Akawa anazunguka baina ya kitanda na dirisha, mpaka mwenye nyumba, mjane aitwaye Mama Luo, akamletea wali na mayai.

"Nimekosea wapi?" Bimdogo akamuuliza kwa Kichina cha sokoni. "Mwezi si mmoja?"

"Mmoja. Lakini mwezi una haraka. Ukilitangulia jua sana, tunaongeza mwezi mzima. Mwaka jana tulirudia mwezi wa sita, ndipo sikukuu ikasogea mbele."

Akamsimulia kuwa zamani kalenda ilitoka kwa mfalme tu. Aliyeighushi alikatwa kichwa. Wafalme walipong'olewa, serikali ikashika kalenda ya Kizungu, baadaye ikaipiga marufuku sikukuu ya zamani. "Babu yangu aliila kwa siri, madirisha kayafunga."

"Hakuogopa?"

"Aliogopa. Lakini angekula siku gani nyingine?"

Jumapili ile Bimdogo aliiona harusi kwenye simu. Nahla alivaa nguo ya kuazima.

"Mama, unaniona?"

"Nakuona, mwanangu. Umependeza." Kisha akajifunika uso kwa mtandio.

Fataki za Mwaka Mpya zilimkuta chumbani, na mwezi uleule ukamwingiza kwenye Ramadhani. Alipopata pasipoti aliondoka mikono mitupu. Karakana ilikuwa bado imefungwa. Unguja, ilimbidi kumfuata Nahla kwa mumewe.

"Hodi," akasema mlangoni.

Nahla akamtandikia mkeka mpya, ule wa wageni.