Balozi wa Vyumba Viwili

Nyumbani kwao walimwita Balozi, na cheo chenyewe wala hakukiomba. Baba yake, fundi redio, alifanyia kazi chumba cha mbele. Mama yake, mshonaji, cha nyuma. Kati yao pazia tu, tena jepesi: mmoja akipiga chafya, mwingine anasikia. Lakini tangu waliponuniana, kwa jambo ambalo hakuna aliyejisumbua kumweleza mtoto, neno halikuvuka pazia lile bila Balozi.

"Mwambie baba yako chai tayari," mama husema, sauti ya kufika barabarani. Baba anaendelea kuchomelea waya. Binti anapita pazia, anasimama mbele ya meza.

"Baba, chai tayari."

"Ahaa! Mwambie nimesikia."

Kana kwamba ndiyo kwanza anasikia. Wakubwa hawa, jamani!

Mjumbe hauawi, lakini huchoka. Balozi alikuwa na miaka saba, na kila cherehani iliponyamaza aliacha alichokuwa akifanya, maana ikinyamaza, kuna neno linakuja.

Jumamosi moja ikanyamaza. Akachungulia. Mama alikuwa anakunja nguo zake mwenyewe, si za wateja.

"Mwambie baba yako kesho naenda kwetu. Na sirudi."

Baba alisikia, koleo lilimponyoka. Balozi akapita pazia. Hakutaka mama aende, basi. Akadanganya mchana kweupe.

"Baba, mama anasema kesho anaenda kwao kusalimia. Anaomba umsindikize."

Makubwa! Uongo huo ulisikika vyumba vyote viwili, na wote wawili walijua alichoagizwa. Baba akaikodolea macho redio aliyoifungua, akajikuna kichwa.

"Mwambie... mwambie sawa. Saa ngapi?"

Balozi akageuka, lakini mama alishajibu mwenyewe, kwa ukali wa mtu asiyetaka ijulikane kwamba amelainika.

"Asubuhi. Na unyoe hizo ndevu, siendi kwetu na beberu mimi."

"Beberu huyu huyu ndiye uliyemkubali."

Hapo Balozi akaangua kilio cha kwikwi, akakaa chini sakafuni. Mama akaja mbio, baba akaacha meza. Wakatazamana juu ya kichwa chake, wameshangaa kwelikweli.

"Huyu naye kapatwa na nini?" baba akamuuliza mama.

"Sijui," mama akasema. "Wala hakuna aliyemgusa."