Kikohozi cha Shangazi

Kwa miaka kumi na tisa shangazi yangu alipiga chapa hukumu za jaji mmoja mwenye ulimi mkali kama wembe. Desturi yao ilikuwa hii: jaji akishamtamkia maneno ya kuandika, shangazi humsomea rasimu kwa sauti. Akifika penye neno linalomchoma wakili mwenyewe badala ya kupima hoja zake, hukohoa. Jaji hunung'unika, "Haya, futa." Mawakili walimsifu jaji kwa staha yake, na shangazi alicheka kimoyomoyo.

Kisha akaja wakili mmoja kijana, binti mwenye kigugumizi kidogo. Mbele ya makarani wote alimrudishia shangazi nakala ya amri, akasema tarehe imekosewa. Ilikuwa imekosewa kweli, na hilo ndilo lililomuuma.

Wiki iliyofuata, katika uamuzi wa kesi ya binti yule, jaji alitamka kwamba wakili huyu angefaa kutafuta mume kuliko kutafuta haki, maana ulimi mzito ni dalili ya akili nzito. Shangazi aliusoma mstari ule moja kwa moja. Jaji alimtazama, akangoja kidogo, akatia sahihi.

Nakala zikasambaa. Kwenye korido mawakili waliigiza kigugumizi, na wateja wawili wa binti walichukua majalada yao. Shangazi akawa hamalizi chakula. Baba alijaribu kumtuliza, akimwambia kwamba mpiga chapa hana kosa.

"Maneno ni ya jaji, kaka," akasema. "Kimya ni changu."

Alikwenda kwa jaji kuungama. Jaji alivua miwani, akamwambia kwa upole kwamba maji yakimwagika hayazoleki. Halafu akaongeza, "Mama, mimi nilikungoja."

Kauli hiyo ndiyo iliyompeleka ofisini kwa binti, ambaye alikuwa akiandaa ombi kwa mahakama ya juu ili mstari ule ufutwe. Shangazi alimweleza yote, akijua kwamba kutoa siri za chumba cha jaji kungemfukuzisha kazi.

"K-kwa nini, mama?"

"Kwa sababu ya ile tarehe."

Binti hakusema amesamehe. Alimsogezea kompyuta.

Shangazi aliandika kiapo chake mwenyewe, na kwa mazoea akakisoma kwa sauti. Alipofika penye "nilinyamaza kwa makusudi, kwa kinyongo," koo likamwasha. Akameza mate, akaendelea kusoma.