Nilimtumia Mwongozaji Sauti ya Mama Mkwe Akiosha Masufuria

Wakuu, hakuna aliyewahi kuumbuka kama mimi siku nilipotuma sauti ya mama mkwe akiosha masufuria iwekwe kwenye filamu.

Tena nikaenda kuoga huku napiga mluzi!

Iko hivi. Natunga muziki wa filamu, najitegemea. Studio yangu ni stoo iliyopakana na jiko: magodoro ukutani, kinanda, maikrofoni moja.

Mwongozaji mmoja, dada asiyecheka ovyo, alinipa filamu yangu ya kwanza ndefu. Alikubali kila kitu isipokuwa tukio la mwisho, pale mama anapofunga nyumba aliyolelea wanawe na kuondoka.

Nilituma mara saba. Akakataa mara saba.

"Leo mwisho saa sita mchana," akasema. "Ukishindwa, filamu yote nampa mtu mwingine."

Filamu yote! Miezi mitano ya jasho langu!

Nikarekodi ya nane, nikaiita "mwisho kabisa". Kumbe nilituma "mwisho kabisa kweli", ya jana yake, ambayo nikiirekodi nilitoka kupokea simu nikasahau kuzima maikrofoni na mlango nikauacha wazi.

Natoka bafuni, nafungua nilichotuma.

Masufuria yanagongana. Maji yanamwagika. Halafu mama mkwe, aliyekuja kwetu kutibiwa goti, anaimba taratibu bila maneno.

Jamani, nikaanza kuitafuta ile ya nane niitume haraka.

Simu ikaita. Mwongozaji. Analia!

"Nani huyo anayeimba?"

"Ni... mama mkwe wangu."

"Usiguse chochote. Hata masufuria yaache. Ndiyo hii!"

Nikaruka, nikapiga kichwa kwenye rafu, nikachomoka mbio kuelekea jikoni. Mlangoni nikakumbuka nimevaa taulo. Mbele ya mkwe! Nikageuka fasta kuvaa suruali.

Njiani furaha ikakatika. Je, kama wimbo ule una mwenyewe? Akikataa, nimekwisha.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Mbona unahema?"

"Mama, ule wimbo ulioimba jana ukiosha vyombo ni wa nani?"

Akanitazama kana kwamba nina homa.

"Si wako? Uliupiga wiki niliyofika, nikaupenda. Halafu ukaanza kuubadilisha, mara hivi, mara vile. Nikasema, nisimwingilie mkwe wangu kazi yake."

Nikarudi stoo mbio. Jaribio la kwanza kabisa, ambalo sikumtumia mtu kwa sababu niliona ni jepesi mno. Ndilo lenyewe!

Nilicheka mpaka mke wangu akaja kuniangalia.

Sasa mwisho wa filamu maandishi yanapita: "Sauti na masufuria: Mama Mkwe." Goti limepona ila ameahirisha safari. Anasema kazi imemzidi.

Funzo? Kabla hujatupa ulichotunga mwanzo, muulize anayekusikia kila siku. Mimi nilihangaika miezi kutafuta wimbo, na mama wa watu alikuwa ananitunzia, anaona aibu kuniambia.

Na maikrofoni zimeni, jamani. Mimi yangu siku hizi naiacha imewaka.