Fundi, Si Meneja

Serikali ya Australia ilinipa alama kumi kwa kutokuwa na mume. Sitanii. Ukitaka kuhamia kule kwa ujuzi wako na ukae moja kwa moja, wanakupima kwa alama: umri, elimu, Kiingereza, miaka uliyofanya kazi. Kisha wanauliza kama una mwenzi, na kama huna, unapewa kumi. Nilipomsomea mama jambo hilo jikoni kwetu Njoro, aliacha mwiko ndani ya sufuria akacheka hadi akashika meza. Mama huyu na kikundi chake cha maombi walikuwa katika mwaka wa saba wa kufunga na kuniombea bwana. Jumapili iliyofuata alisimama mbele ya wenzake akawaambia, "Ile ombi ya bwana tuiweke kando kidogo. Tutairudia makaratasi ikitoka."

Mimi ni fundi wa kombaini, zile mashine kubwa za kuvuna ngano. Nilisomea ufundi wa mitambo mjini Nakuru nikapata stashahada, kisha nikaajiriwa na mzee mmoja wa huku Njoro aliyekuwa na kombaini tatu za kukodisha. Nilikaa kwake miaka kumi na mitatu. Kila msimu tulivuna kuanzia mashamba ya karibu hadi Mau Narok, kwenye baridi ya kukausha midomo.

Hesabu yangu ya alama ilikuwa hivi. Umri ulinipa ishirini na tano, Kiingereza kumi, stashahada kumi, upweke kumi, na kazi kumi na tano. Jumla sabini, na ili uitwe kuomba ukaazi ulihitaji angalau sitini na tano. Lakini nilikuwa na miaka thelathini na tisa, na siku mtu anapotimiza arobaini, alama zake za umri zinashuka kumi. Sabini yangu ingekuwa sitini. Nilizaliwa mwezi wa nne. Nisipoitwa kabla ya siku hiyo, basi mambo kwisha, na sikuwa na namna ya kupunguza umri.

Zile alama za kazi zilitegemea barua ya mwajiri. Wakaguzi wa ufundi wa huko Australia walitaka ieleze nilifanya nini hasa kwa mikono yangu, kwa saa ngapi kila wiki, na kama nilisimamiwa au la. Bila barua hiyo sikuwa fundi machoni pao, hata ningekuja na grisi hadi kwenye nyusi.

Sasa nieleze kuhusu mzee. Watu wote walimwita Injinia, na jina hilo alilistahili. Alinifundisha kusikiliza beringi kwa kuegemeza bisibisi sikioni, kupima mkanda kwa kidole gumba, kujua kwa harufu kama injini inachoma oili. Alinifundisha wakati gereji nyingine zilikuwa zinaniuliza kama nimekuja kuuza chai. Lakini katika mwaka wangu wa nne nilimwona akipapasa kutafuta bolti iliyokuwa mbele ya pua yake. Presha ya macho ilikuwa imeanza kumwibia uwezo wa kuona. Hakuniambia, na mimi sikumuuliza.

Tangu siku hiyo nilianza kumwekea spana mkononi kabla hajaitafuta. Kwenye ngazi ya kombaini nilimshika kiwiko kana kwamba mimi ndiye ninayeogopa kuanguka. Mwenye shamba akiuliza kasoro iko wapi, nilijibu, "Mzee amesema ni beringi." Mzee hakuwa amesema lolote. Alikohoa tu, akatikisa kichwa kukubali, na mwenye shamba akamshukuru yeye. Kwa wateja mimi nilikuwa yule msichana wa kumbebea spana. Sikuona ubaya. Heshima si utumwa, nilijiambia, na mtu aliyekufundisha humuumbui mbele za watu. Tukaishi hivyo miaka tisa.

Nilipomwomba barua alifurahi kuliko mimi. Alienda mwenyewe saiba, kwenye duka la kompyuta, ikachapwa, akarudi nayo ndani ya bahasha ya kaki, muhuri umegongwa mara tatu. Barua ilisema kwamba nilikuwa Meneja Mkuu wa Ofisi. Ofisi yenyewe ni kontena lenye kalenda ya mwaka uliopita. Ilisema kwamba mimi ni mwaminifu, mcha Mungu, silewi, naheshimu wakubwa na sijawahi kuchelewa. Kuhusu injini haikutaja hata plagi.

"Sikutaka hao watu wakudharau," aliniambia. "Fundi ni mtu wa kupakwa grisi. Meneja wanampatia kiti."

Nilijua haifai. Nguo ya kuazima haisitiri matako, na cheo hicho cha kuazima kingeniacha wazi mbele ya wakaguzi, kwa sababu niliomba kama fundi wa injini za dizeli, na meneja wa ofisi ni kazi nyingine kabisa. Lakini hebu niambie, unamrudishiaje mzee barua aliyokuandikia kwa upendo, ukamwambia haina maana? Sikuweza. Nikamshukuru kwa mikono miwili, nikaenda nyumbani, nikaituma. Ndiyo, niliituma hivyo hivyo. Nicheke tu, mimi mwenyewe nimeshajicheka.

Jibu lilikuja mwezi wa kumi, katikati ya mavuno. Lilikuwa na adabu sana. Barua ya mwajiri haionyeshi kazi ya ufundi, walisema, na kama ninayo nyingine inayoeleza majukumu yangu, niilete. Kuhusu kumcha Mungu hawakusema kitu. Hakuna alama zake.

Nilimkuta mzee kwenye kontena, ameketi karibu na mlango mahali palipo na mwanga.

"Mzee, ile barua imekataliwa."

"Nitaongeza muhuri."

"Si muhuri. Wanataka uandike natengeneza injini. Peke yangu, bila kusimamiwa."

Aligeuza uso kunielekea. Kisha akauliza, "Peke yako namna gani? Na mimi nikiwa wapi?"

Mimi nina hasira za karibu. Mama husema nilizirithi kwa baba, na baba alikuwa akisema nilizirithi kwa mama. "Ukiwa kwa kiti, Mzee!" nikamjibu. "Umekaa kwa kiti miaka tisa, na mimi nikiambia watu umesema, na hujasema!"

"Fadhila ya punda," akaanza, lakini hakumaliza, na hakukuwa na haja. Kila mtu anajua shukrani ya punda ni mateke. Alinyoosha mkono akatafuta fimbo yake iliyokuwa imeegemea ukuta. Mara hii sikumpa. Nilimtazama akipapasa, nikatoka. Nilitembea hadi nyumbani nikilia, kwanza kwa hasira, halafu kwa aibu, na usiniulize ni kipi kilikuwa kichungu zaidi.

Siku tatu hatukuongea ila habari za vipuri. Siku ya nne tulikuwa shambani upande wa Mau Narok. Mawingu yalikuwa yametanda juu ya msitu, na ngano ile ilikuwa imekauka barabara. Mvua ikiipata imesimama, inaanza kuota kwenye masuke na hakuna anayeinunua. Kombaini ilikuwa inafanya kazi kwa dakika ishirini, inaishiwa nguvu, inazima. Ikipumzika kidogo inawaka. Kisha inazima tena. Dereva alikuwa amebadilisha chujio la mafuta bila faida. Mwenye shamba, mwanamume mpole ambaye siku hiyo upole ulikuwa umemwisha, alikuja hadi kwenye pikapu yetu, mzee akiwa ameketi ndani.

"Mvua ndiyo hiyo," akasema. "Injinia ashuke aangalie hii kitu. Isiwe huyu msichana, nataka Injinia mwenyewe."

Mdomo wangu ulifunguka wenyewe kwa mazoea ya miaka tisa. "Mzee amesema..."

"Sijasema."

Mzee alikuwa amefungua mlango wa pikapu. Alishusha mguu mmoja, akaitafuta ardhi, akasimama ameshika mlango. Nilisogea kumshika kiwiko akanisukuma pole pole.

"Mimi sijasema kitu," akamwambia mwenye shamba, uso wake ukielekea kando kidogo ya mahali mtu yule alipokuwa. "Macho yangu iliisha kitambo. Hizi mashine zote, hiyo miaka yote, ni huyu anatengeneza. Fundi ni yeye. Muache afanye kazi."

Nilidhani dunia itasimama. Dereva aliangalia viatu vyake. Mwenye shamba alimtazama mzee, akanitazama mimi, akatazama mawingu.

"Basi, fundi," akaniambia. "Mvua inakuja."

Hiyo tu. Siri niliyoibeba miaka tisa kama yai, na mtu alichotaka kujua ni kama ngano yake italowa! Nilipanda kombaini. Injini inayokufa kwa dakika ishirini na kufufuka yenyewe haina ugonjwa mkubwa, ina kiu. Nilifungua kifuniko cha tangi la dizeli, na tangi likavuta hewa kwa mluzi mrefu. Kwenye kifuniko huwa kuna tundu dogo la kupitisha hewa, nalo lilikuwa limezibwa na makapi. Mafuta yakitoka na hewa isipoingia, mwishowe mafuta nayo yanakataa kutoka. Nilizibua tundu kwa waya, nikarudisha kifuniko, nikamwambia dereva awashe. Alivuna hadi suke la mwisho bila kuzima, na matone ya kwanza yalitukuta tukifunga turubai juu ya lori. Nilikuwa nimesimama juu ya kombaini kila mtu akiniona, na nilifurahi, tena nilifurahi waziwazi kama mtoto.

Barua ya pili tuliiandika siku hiyo hiyo ndani ya pikapu, mvua ikipiga paa. Mzee alisema, mimi nikaandika. Nilitaraji mistari michache. Mzee huyo alikuwa anakumbuka kila kitu.

"Umesahau giaboksi ya ile ya kijani."

"Nimeandika, Mzee."

"Na ile injini uliteremsha yote, ukairudisha kwa siku mbili? Andika. Na masaa uandike ya ukweli, usipunguze."

Ilifika kurasa mbili. Tulipofika kwenye cheo aliuliza nimeandika nini. Nikasema fundi wa injini za dizeli.

"Andika kubwa," akasema.

Kesho yake ilipochapwa nilimwekea kidole mahali pa kutia sahihi. Muhuri aligonga mara moja. Mwenye shamba naye aliandika yake bila kuombwa, na humo ndani aliniita fundi mara sita. Nilihesabu.

Mwezi wa kwanza wakaguzi walinihoji kwa video. Nilikaa sebuleni kwetu, mama akiwafukuza kuku dirishani kwa kanga. Mtu wa upande wa pili, mwenye ndevu za mvi, aliniomba nimweleze kasoro moja niliyoigundua mwenyewe bila msaada wa mtu. Nilimweleza habari ya lile tundu. Alicheka hadi akavua miwani, akasema kumbe makapi ya kila nchi hayana adabu. Baada ya hapo hatukuwa tena mkaguzi na mwombaji; tulikuwa mafundi wawili tukipiga soga kuhusu mashine. Waliponipa cheti, miaka yangu yote ya kazi ilikuwa imekubaliwa.

Mwaliko wa kuomba ukaazi ulifika nikiwa nimebakiza siku tisa za kuwa na miaka thelathini na tisa. Nilikuwa chini ya kombaini, mikono imejaa grisi, simu ikalia kwenye mfuko wa ovaroli. Niliisoma nikiwa nimelala chali. Nilipiga yowe hadi dereva akadhani mashine imeniangukia. Alama zako zikishahesabiwa siku ya mwaliko hazishuki tena. Unaweza kuzeeka utakavyo. Mama alipiga vigelegele hadi majirani wakaja kuuliza kama nimepata mchumba. Kibali chenyewe kilitoka baada ya miezi mingi, na wiki hiyo hiyo ombi la bwana likarudishwa kwenye ratiba.

Mzee alisisitiza tukasherehekee Kikopey, kule kwenye vibanda vya nyama choma, yeye ndiye mwenyeji. Tulikaa mimi, mama na yeye, moshi wa nyama ukituingia machoni, mbavu za mbuzi zikiwa juu ya ubao. Hapo ndipo aliponiambia jambo alilokuwa amelificha mwaka mzima. Kabla ya kunipa cheti, wale wakaguzi walikuwa wamempigia simu.

"Kijana mmoja wa huko," alisema, kwa sauti ya kusikika hadi meza ya tatu. "Akaniuliza, huyu fundi wako alikuwa anasimamiwa na nani? Nikamwambia hakuna. Akauliza tena pole pole, akidhani sijasikia. Nikamwambia, kijana, mimi miaka tisa sioni hata bolti. Mimi ndio nilikuwa nasimamiwa."

Mama aliinamisha kichwa. Nilichukua kisu nikamkatia mzee nyama vipande vidogo, nikamshika mkono, nikauongoza hadi kwenye nyama, kisha kwenye chumvi, kisha kwenye kachumbari. Kwa mara ya kwanza sikugeuka kuangalia kama kuna mtu anatuona.