Begi la Kwenda Harusi ya Mama

Jumamosi, saa kumi na robo alasiri, baba alisukuma mlango wa chumba changu akanikuta nimekaa sakafuni, gauni la satini mapajani, begi wazi mbele yangu. Gauni nilikuwa nimeshalipiga pasi zaidi ya mara moja. Kila nikilikunja kulitia begini naona mstari umejichora katikati ya kifua, basi nalitoa, naanza upya. Satini ni nguo yenye kinyongo. Ukiikosea kidogo tu, inakuwekea alama.

Gauni lilikuwa la kuvaa harusini Mzenga kesho yake. Harusi ya mama.

Niseme vizuri nisije nikajichanganya. Baba na mama waliachana nikiwa darasa la saba. Baba alibaki hapa Mbwawa, Kibaha, kwenye nyumba ambayo hadi leo upande mmoja haujapigwa lipu, na mimi nikabaki naye kwa sababu ya shule. Mama alirudi kwao Mzenga. Sasa niko kidato cha tatu, na mama alikuwa anaolewa tena, na mwanamume mwenye duka la vifaa vya ujenzi Kisarawe mjini. Ilikuwa Shaabani, mwezi ambao watu wanazikimbiza harusi zao kabla mfungo haujaingia. Mama mdogo, aliyekuwa msimamizi wa sare, alinitumia kitambaa rangi ya damu ya mzee, nikashonewa na fundi wa hapa kwetu. Akanisisitiza nije na nguo yangu imeshanyooka kabisa, maana kwa bibi pasi ni ile moja ya mkaa, watu wote wanaigombea, na harusi iliyopita cheche iliruka ikatoboa gauni la mtu begani.

Basi kwa nje shida yangu ilikuwa mikunjo. Kwa ndani ilikuwa nyingine.

Siku mama anaondoka hapa Mbwawa aliniambia, "Nikitulia nitakuja kukuchukua." Nimeishi na maneno hayo. Kila nikimpigia simu na kuyazungukia kwa mbali, kwa sababu mimi siwezi kuuliza kitu moja kwa moja, anajibu kwamba bado hajatulia. Niliposikia anaolewa nikafanya hesabu zangu mwenyewe: mtu akiolewa ametulia. Kwa hiyo chini kabisa ya begi, chini ya khanga na nguo za kulalia, nilikuwa nimeficha sketi yangu ya shule ya marinda, shati, hijabu nyeupe na viatu vyeusi. Mtu anayekwenda harusini siku moja na kurudi habebi viatu vya shule. Nilikuwa nakwenda kubaki. Sentensi yangu nilikuwa nayo tayari, nimeifanyia mazoezi bafuni maji yakiwa yanamwagika: Mama, naomba nibaki na wewe.

Baba nilikuwa sijamwambia. Sio kwamba baba ni mbaya, hapana. Baba ni mpole mno. Anarudi kazini, anauliza kama nimekula, namwambia nimekula, tunaangalia taarifa ya habari, tunalala. Aibu nimeirithi kwake. Na watu wawili wenye aibu wakikaa nyumba moja, kijiko kikianguka jikoni wote wanashtuka kama mgeni amebisha hodi.

Basi akasimama pale mlangoni akilitazama gauni. Baba ni mtumishi wa serikali, anasafiri sana kikazi, na hata akifika Dodoma usiku suti yake huwa imenyooka asubuhi bila kuomba pasi kwa mtu. Akasema pasi yangu haina kosa, kinachonishinda ni kukunja. Akaenda chumbani kwake, akarudi na shuka lake la pamba, lile laini la siku nyingi, na taulo.

Alilitandaza shuka kitandani. Gauni akaligeuza ndani nje, akalilaza juu yake, akapitisha kiganja taratibu kuanzia mabegani kwenda chini, kama mtu anayemtuliza mtoto. Akalisubiri lipoe kwanza. Alisema nguo yenye joto la pasi ikikunjwa inashika chochote unachoifanyia. Kisha taulo akalizungusha likawa kama mto mwembamba, akaliweka pale kiunoni, ndipo akalikunja gauni juu ya lile taulo, na shuka likafuata.

"Nguo haikunjwi hewani," alisema. "Inakunjwa juu ya kitu. Ndiyo haipati kovu."

Nilimwitikia tu. Nilikuwa namwangalia mikono yake nikiwaza kwamba ananinyoshea nguo ya kuvaa kwenye harusi nyingine ya mwanamke aliyemwacha, na mimi namsaidia kushika pembe ya shuka. Kisha akanyanyua begi akalipima uzito.

"Hili limepangwa vibaya. Toa vyote, kizito kikae chini."

Sikutoa. Niliganda pale pale. Kwa hiyo akavitoa yeye: khanga, nguo za kulalia, mtandio. Halafu sketi ya shule. Halafu shati, hijabu, viatu.

Nilitazama ukuta. Nilikuwa nasikia kuku wa jirani, na baba akipumua. Nilingoja aulize. Nadhani angeuliza ningelia, na pengine ningebaki, sijui. Hakuuliza. Aliichukua ile sketi ambayo nilikuwa nimeisokota ovyo ili isichukue nafasi, akaikung'uta, akaiweka juu ya meza ya kupigia pasi. Akayarudisha marinda kwenye mistari yake, moja baada ya jingine, akipiga pasi huku anayashika kwa vidole. Kisha akatafuta sindano. Uzi uliokuwepo ni mweupe tu. Akaukunja ukawa mara mbili, akapiga bandi kuzunguka chini ya sketi, ile mishono mikubwa ya kushikiza ambayo fundi anaipiga kabla ya kushona kwenyewe, ili marinda yasisambae njiani.

"Ukifika usiuvute," alisema. "Kata fundo kwanza."

Viatu akavisokomezea soksi ndani visibonyee. Akatoka. Nikadhani yameisha, akarudi ameshika soksi nyeupe nyingine alizozianua kwenye kamba.

"Pea moja haitoshi," akasema, akaziweka juu, akafunga zipu mwenyewe.

Usiku ule tuliangalia taarifa ya habari kama kawaida.

Jumapili alfajiri alinisindikiza hadi barabara kubwa. Nilimpa shikamoo ya kuagana, akaitikia marahaba, akaniambia begi nisikubali liwekwe chini ya mizigo. Mlandizi nikapanda Noah ya kwenda Mzenga, na begi nililipakata muda wote, vumbi lote lile, hadi miguu ikafa ganzi.

Kwa bibi kulikuwa kumejaa. Masufuria ya pilau yalikuwa uani, wanawake wanamenya vitunguu, na msichana mmoja amekaba ile pasi ya mkaa kama aliyepewa urithi. Nilipofungua shuka chumbani, gauni lilikuwa kama limetoka dukani. Nikalivaa. Mama mdogo alinizunguka mara mbili.

"Wewe mtoto ulikuja umetundikwa msumarini nini?" aliuliza. "Hebu wengine njooni muone. Sisi wa hapa hapa tumekunjamana kama karatasi ya maandazi."

"Mwache, wa Kibaha huyo," akajibu yule wa pasi. "Hata akikaa anakaa kwa wasiwasi. Akipiga chafya gauni litamdai."

Walicheka, na mimi nilicheka, lakini lile neno likanikaa. Siku nzima nilikuwa huyo wa Kibaha. Mtu akiuliza huyu nani, anajibiwa ni mtoto wa biharusi, yule wa Kibaha, kama vile mtoto wa biharusi yuko mwingine ambaye si wa Kibaha. Na kweli walikuwepo. Bwana harusi alikuja na watoto wake wanne. Wa kwanza ni msichana wa rika langu, mchangamfu, kila mtu anamwita amshikie kitu. Yeye nguo yake ilikuwa na mikunjo mpaka mgongoni, wala haikumsumbua.

Mama nilimwona kwa mbali tu. Nikimpata anapakwa wanja, nikimpata tena mashangazi wanamwimbia. Aliniona nimesimama mlangoni akatabasamu, akanikonyeza, akageuzwa uso kwa kidevu na mpambaji. Ndoa ilifungwa baada ya adhuhuri, tukala, ngoma ikapigwa. Nilikaa kwenye mkeka karibu na bibi, gauni nimelitandaza vizuri, sentensi yangu iko mdomoni kama punje ya mchele iliyokwama kwenye jino.

Alasiri mama aliingia chumbani kubadilisha mtandio kabla ya kupelekwa kwa mumewe, akaniita nimfungie pini. Ndipo tulipokuwa wawili. Nikamwambia pini nyingine zipo begini kwangu, akainama akafungua mwenyewe.

Akaitoa ile sketi, bado imeshikizwa, nyuzi nyeupe juu ya kitambaa cha bluu. Akapitisha kidole kwenye mishono.

"Bandi hii kaipiga baba'ako," alisema. Hakuwa anauliza. "Uzi mara mbili. Hata sketi zangu za kazi alikuwa anazifanya hivi hivi nikisafiri."

Nikatikisa kichwa kuitikia.

"Kwa hiyo anajua."

"Anajua," nikasema.

Akakaa kitandani na vazi lake lote lile, akaniangalia. Wanja ulikuwa mzuri sana. Nilitaka kuisema sentensi yangu lakini haikuwa na kazi tena, ilikuwa imeshasemwa na sketi, na nikaona usoni kwake kwamba ameisikia. Akaanza kunieleza, kwa sauti ya chini: ile nyumba ya Kisarawe ina vyumba vitatu, watoto wale ni wanne, na yeye mwenyewe anaingia leo, hajui hata sufuria linakaa wapi. Na siku saba hizi za fungate mtoto hamfuati mama yake. Bibi angepiga kelele zikasikika hadi Maneromango. Akanishika mkono.

"Ngoja kwanza nitulie, mwanangu. Nikitulia nitakuja kukuchukua."

Kabla sijajibu, yule binti wa bwana harusi alichungulia mlangoni. Hakuwa na ubaya wowote, alikuwa ana haraka tu.

"Mama, gari tayari, wanakusubiri wewe."

"Nakuja, mwanangu," mama akasema.

Aliirudisha sketi begini, akaiweka juu ya shuka, akanibusu kwenye paji la uso, na wanawake wakaingia kwa vigelegele wakamzunguka. Nilimfungia pini yake ndani ya msongamano ule. Nilitoka nao hadi kwenye gari. Nilipiga vigelegele pia, ingawa vyangu vilikuwa vidogo.

Jioni wageni walipopungua bibi alinitafutia nafasi kwenye mkeka wa wajukuu. Alisema nisimwonee mama yangu uchungu, mwanamke akiingia nyumba ya watu anaingia na mguu mmoja, wa pili anauvuta polepole. Nikamwambia sawa, bibi. Nililala nikimfikiria baba. Alinifungasha vizuri kuliko nilivyojifungasha mwenyewe, na soksi akaongeza. Sikujua kama hiyo maana yake niende au maana yake nirudi. Na kwa tulivyo sisi, sikuona ni siku gani nitamuuliza.

Jumatatu asubuhi, kabla hata chai haijachemka, nilikwenda nyuma ya nyumba na wembe nikakata fundo, kama nilivyoambiwa, uzi ukatoka wote kwa mvuto mmoja. Nikavaa sketi na shati, nikafunga hijabu. Gauni nilimwachia yule binti wa pasi, aliyelisifia jioni ile. Bibi akanifungia pilau ya kiporo. Nikaomba simu yake nikampigia baba. Nilimwambia natokea huku huku kwenda shule, na mchana nitakuja nyumbani. Nikasikia bomba linatiririka, halafu likafungwa.

"Nyumbani hapa?" akauliza.

"Ndiyo, baba. Hapo."

"Haya," akasema. "Kwaheri." Lakini hakukata simu, na mimi sikukata, mpaka bibi akaniambia salio lake linakwisha.

Nilifika shule wenzangu wameshaingia darasani. Mwalimu wa zamu alinipa fagio la wachelewaji, nikaenda kufagia nyuma ya maabara, peke yangu, hadi kipindi cha pili kilipoanza.